Bei ya Bidoni ya Tatu

Ukipita katika avenyu yetu, huku nyuma ya barabara ya Kasapa, utamsikia Honorine Kangwa kabla hujamwona. Ana sauti ya mtu aliyekulia kando ya ziwa, ambako watu wanaitana toka mtumbwi hadi mtumbwi. Mama yake alikuwa akiuza samaki wakavu kule Pweto, na Honorine anasema aliingia Lubumbashi amekaa juu ya magunia ya samaki, akashuka sokoni, na paka wote wa soko wakamsindikiza mpaka mlangoni kwa shangazi yake. Sijui kama ni kweli. Nimeisikia mara nyingi, na kila mara paka wanaongezeka.

Sasa ni mama mzima, ana wajukuu, na ndiye anayeshika ufunguo wa bomba letu la maji. Nataka kuwaeleza jinsi ufunguo huo ulivyotaka kumtoka mkononi mwaka huu. Msione haya kucheka njiani, kwa sababu sisi wenyewe tulicheka.

Bomba lenyewe ni shimo refu lililochimbwa na mradi mmoja miaka ya nyuma. Ndani kuna pampu, juu ya bati kuna sola, kisha tangi juu ya mnara wa vyuma, na chini robine za kufungulia maji. Jua likitoka, pampu inavuta. Kila bidoni, yaani dumu la maji, ina bei ndogo, na fedha hiyo inamlipa fundi, inanunua vipuri, na kumpa Honorine kitu cha kupikia bukari, ugali wetu. Shida ni moja tu. Ikifika mwezi wa nane, wa tisa, maji ya chini yanashuka. Pampu isipopumzishwa inafika mahali pa kunywa upepo na matope, halafu inaungua.

Mwaka jana iliungua.

Haikuungua kwa uzembe. Komite ya avenyu, na Honorine ndani yake, walifikiri hivi: maji yakipungua, tupandishe bei, watu watachota kidogo. Unaona ni sawa kabisa, si ndiyo? Lakini angalia kilichotokea. Mama Deborah, mjane mwenye watoto wengi, aliacha bomba, akawa anashuka mtoni, na tumbo likaanza kuwasumbua watoto wake. Wenye fedha, wao wakachota kuliko zamani. Zamani mtu alikuwa akiona haya kujaza mapipa mbele ya foleni ya akina mama. Bei ilipopanda, haya ikaondoka. Ukimwambia, “Papa, hizo zinatosha,” anakujibu, “Nimelipa.” Nakwambia, neno hilo moja, nimelipa, ndilo lililounguza pampu.

Tulichanga kuitengeneza. Ilipokwisha kutengenezwa, Papa Dominique, mkubwa wa komite, dereva wa treni aliyestaafu, alimwita Honorine mbele ya wote.

“Mama Honorine, tunakuheshimu. Lakini avenyu haitachanga tena. Nakupatia kiangazi kimoja. Pampu ikiungua mbele ya mvua kuanza, ufunguo tunamupatia mwenye lori.”

Mwenye lori tulimjua sote. Ni mfanyabiashara anayezungusha maji kwa tangi la lori, na alikuwa amekwisha ahidi kuweka pampu kubwa yake mwenyewe, ili mradi bomba liwe lake na bei iwe yake. Bei ya lori nayo tuliijua. Kwa bei hiyo, nusu ya avenyu ingemfuata Mama Deborah mtoni.

Basi kiangazi kikaja. Honorine alirudisha bei ya zamani ili Mama Deborah arudi, na akaomba watu wachote kwa huruma. Aliomba sana. Lakini niambie, mtu unamkataliaje mchungaji wako? Mkwe wako je? Na yule mama aliyekupokea mtoto wako wa kwanza? Kila mmoja alikuja na sababu nzuri na bidoni nyingi. Kufika mwezi wa nane, alasiri moja, pampu ikakohoa. Ilikuwa kikohozi kidogo tu, lakini Honorine alikisikia kama mama anavyosikia cha mtoto wake. Jioni hiyo hakula.

Wiki ile ile kukawa na kilio, mtu amefariki, nyumba ya tatu toka kwake, na hapa lazima nisimame niwaeleze kitu, kwa wale wasiotoka kwetu.

Huku kwetu mtu anazaliwa ndani ya ukoo wa mama yake. Kuna Bena Mfula, watu wa Mvua. Kuna Bena Mumba, watu wa Udongo. Kuna Bena Mbushi, watu wa Mbuzi, na Bena Ngo, watu wa Chui. Kila ukoo una nungwe wake, yaani ule ukoo unaopambana nao kwa asili: chui anakula mbuzi, mvua inayeyusha udongo. Nungwe wako ana ruhusa ya kukutukana mbele ya watu, kukuvua kofia, kukunyang'anya sahani. Wewe huna ruhusa ya kukasirika. Ukikasirika, kosa ni lako, na faini unalipa wewe. Lakini akikutania hivyo mtu asiye nungwe wako, hilo ni tusi, na tusi lina mambo yake.

Honorine ni Udongo. Mume wake Donat, fundi wa kujenga nyumba, ni Mvua. Hebu fikiria maisha ya nyumba ile.

Basi, kwenye kilio alikuja mkubwa mmoja mwenye ofisi katikati ya mji. Alishuka kwenye gari jeusi, akapewa kiti kizuri kuliko vyote. Kabla hajakaa vizuri, akasimama mbele yake Mama Falonne, muuza makala, yaani makaa ya kupikia, mikono bado myeusi.

“We Chui! Toka pa kiti. Hapa ni kilio ya Mbuzi. Chui anakaa chini, anangojea mifupa.”

“Mama, niko na suti…”

“Na ngozi ya madoa-madoa uliacha wapi? Kaa chini!”

Yule mkubwa alicheka mpaka machozi, akavua viatu, akaketi chini kwenye mkeka pamoja na vijana. Hata waliofiwa walicheka, na ndiyo kazi ya banungwe kwenye kilio.

Honorine alimshika Donat mkono. “Umeona? Mu hii mji hakuna muntu mwenye kumwambia ule ‘kaa chini.’ Mama Falonne amemwambia, na amekaa.”

“Ni nungwe wake,” Donat akasema.

“Njo vile. Ni nungwe wake.”

Baada ya hapo hakusema neno mpaka nyumbani, na Donat anasema aliogopa kweli, kwa kuwa hajawahi kutembea na mke wake njia nzima bila kusikia kitu.

Jumapili, watu walipotoka kusali, Honorine alipanda juu ya msingi wa tangi. Akatangaza sheria mpya kwa ile sauti yake ya ziwani. Bei ni ile ile ndogo. Bidoni ya kwanza na ya pili, kila nyumba itapewa bila maneno. Ya tatu nayo hakatazwi mtu, ni ruhusa. Ila ya tatu utajaziwa na nungwe wako, mbele ya foleni, na kabla ya kufungua robine atasema anachotaka.

“Mama,” akauliza Papa Dominique, “hii ni bomba ao ni teatre?”

“Papa, ngojea asubui. Utajua.”

Asubuhi aliyekuja wa kwanza na bidoni nyingi ni Papa Bwalya, mwenye baa pale kona, mtu wa Chui. Honorine alikuwa amemkalisha Mama Falonne kwenye robine ya mwisho, juu ya gunia lake la makala, kama hakimu. Mbili zikajaa. Ya tatu ikawekwa chini ya robine.

“Ya tatu ni ya nini, Chui?”

“Ya kuosha glasi, nyama yangu. Fungua.”

“Glasi! Chui anakunywa na glasi tangu lini? Babu yako si alikuwa anaramba mutoni, matako yulu, masikio chini? Bantu, muangalie! Chui ya kwetu amekuwa bibi-arusi. Bidoni ya kunawa uso, bidoni ya kunawa miguu, na hii ya tatu ni ya kunawa madoa!”

“Mama Falonne, nimelipa!”

“Umelipa mayi. Mudomo yangu haujalipa. Leta tu na ya ine, iko na maneno mingi ndani.”

Foleni ilikuwa imekunjika kwa kicheko. Bwalya alijaribu kukaza uso, akashindwa, akacheka na yeye, akachukua mbili zake. Njiani tulimsikia akijisemea, “Matako yulu, masikio chini,” na kucheka peke yake. Kesho yake alileta mbili tu, na glasi za baa aliziosha kwenye beseni badala ya chini ya maji yanayotiririka.

Kisha akaja Papa Dominique. Ana maua yake mbele ya nyumba, anayapenda kama wajukuu. Alileta ya tatu kimya kimya, saa foleni ilipokuwa fupi, akidhani Honorine atamheshimu. Na alikuwa mtu wa Mvua!

“Eee, weye Mvua!” Honorine akapaza sauti mpaka watu wakatoka majumbani. “Muzee Mvua mwenyewe! Miezi yote tunakungojea yulu, haukuye. Tunaangalia mawingu, hakuna. Kumbe uko hapa chini na bidoni, unaomba mayi kwa Udongo! Mvua anaomba mayi! Bana-Lubumbashi, muliona wapi?”

“Mama Honorine, ni juu ya maua…”

“Maua yako si uyanyeshee? Panda yulu, unyeshe! Kama umesahau njia, Donat atakuonyesha, yeye pia amepotea huku chini tangu mwezi wa ine.”

Papa Dominique aliondoka na kofia usoni, mabega yanatikisika. Maua yalipata maji yaliyokwisha kuosha vyombo, na sikuona yakilalamika.

Ndivyo ilivyokuwa. Mchungaji alipata nungwe wake, mkwe akapata wake, hata wanafunzi wa chuo kule Kasapa waliokuja na bidoni zao waliulizwa ukoo kwanza. Mwenye haja ya kweli hakukataliwa. Siku Mama Deborah alipoomba ya tatu kwa sababu mtoto alikuwa na homa, nungwe wake alimwambia, “Beba, kesho nitakutukana mara mbili.” Lakini kuchota kwa mazoea tu kulikwisha. Fedha mtu anaitoa mfukoni bila kumtazama mwenzake. Mdomo wa nungwe unakutazama machoni. Pampu ikaacha kukohoa. Jioni tangi lilikuwa linalala na maji ndani.

Na hapo, ndugu zangu, Honorine akakosea. Alikosea kosa ambalo ni sisi tu tunaoweza kulikosea.

Kando ya lami kuna lavaji, mahali pa kuosha magari. Mwenyewe ni Nasoro. Babu yake alitoka Kasongo, Maniema, na ukoo wake ni watu wa msikitini, wapole, wafanyakazi. Anaosha malori yanayotoka migodini na vumbi jekundu mpaka ndani ya masikio. Kwa hiyo alikuwa mchotaji mkubwa kuliko wote, na pusi-pusi yake, mkokoteni wa matairi mawili, ilikuja imejaa bidoni. Asubuhi moja Honorine, ambaye kinywa chake kilikuwa kimekwisha pata moto, akamwona na kupaza sauti:

“Na weye, mutu ya lavaji! Malori ya bantu unaosha kila siku, na roho yako utaosha lini?”

Foleni ilianza kucheka, kisha ikakatika katikati, kama redio ikizimwa.

Nasoro aliweka chini mikono ya pusi-pusi. “Mama Honorine. Mi na weye tuko na bunungwe gani?”

Nasoro si Mvua. Si Chui, si Mbuzi.

“Basi umenitukana,” akasema, na akaondoka na bidoni tupu.

Honorine alikaa chini pale pale kwenye msingi wa tangi. Jioni alimchukua Papa Bwalya awe msemaji wake, kwa sababu mwenye kosa haendi kujisemea, akabeba kuku mzuri, wakaenda. Walipokelewa na mama yake Nasoro, mzee tunayemwita sote Kambo Alima, kwa kuwa kwetu kambo ni bibi, na Chadia, mke wa Nasoro. Bwalya akasema yanayosemwa. Nasoro akapokea kuku.

“Imekwisha, Mama. Sina kitu mu roho. Lakini tusikilizane. Mi sina ukoo ya Chui wala ya Mbuzi. Nitachota kama kazi yangu inavyotaka, nitalipa, na hakuna atakayeniambia kitu.”

Ungefanya nini? Amemkosea, na amekubali kuku. Honorine akakubali.

Hivyo sheria ikapata tundu, na tundu lilikuwa na ukubwa wa pusi-pusi. Nasoro alikuja asubuhi, akaja saa sita, akaja alasiri. Mwezi wa tisa ukaingia na jua lake la kupasua midomo. Pampu ikakohoa tena, na safari hii haikuwa mara moja. Papa Bwalya alikuwa wa kwanza kusema lililokuwa katika vinywa vya wote: “Kama yeye anachota bila mudomo, na mi nachota bila mudomo.” Baada ya siku mbili tatu hivi, mwenye lori akasimamisha lori lake mbele ya bomba, akashuka, akazunguka mnara wa tangi akiugonga-gonga kwa vidole, kama mtu anayenunua mbuzi.

“Fukuza Nasoro,” watu wakamwambia Honorine.

“Nilimupatia neno langu. Sitamufukuza.”

Alimhudumia kimya, kama walivyopatana. Na sisi pia, Nasoro alipofika, tulinyamaza. Hatukumchukia. Tuliogopa tu, maana kila mtu aliona kuku wa Honorine alivyokwenda. Kicheko kilikuwa kinasikika toka mbali, pusi-pusi ikitokea kwenye kona kinazimika, watu wanatazama miguu yao. Maji yanaingia kwenye bidoni, huo ndio mlio pekee. Pusi-pusi ikiondoka, kicheko kinaanza tena nyuma ya mgongo wake. Si juu yake! Lakini yeye angejuaje?

Chadia ndiye aliyetusimulia baadaye yaliyotokea nyumbani kwao. Nasoro aliweka chini sahani yake ya chakula akasema, “Ku bomba bananiangalia kama polisi.” Chadia akamjibu, “Mi nikienda kule wananiuliza habari ya Kambo, tunacheka. Ni weye uliomba kimya. Wamekupatia.”

Kambo Alima, ambaye alikuwa anachambua mchele pembeni, hakuinua macho.

“Mwanangu, kule Kasongo babu yako alikuwa na watani wake. Siku ya harusi yake walimvua kilemba, wakamuvalisha mbuzi. Alicheka mpaka akaanguka. Muntu bila mutani ni mugeni. Weye umezaliwa hapa, na hapa utazikwa. Siku ya kilio yako, nani atatuchekesha?”

Nasoro hakumaliza chakula.

Asubuhi ilipofika alikuja bombani mapema, foleni ikiwa ndefu. Tukanyamaza kama kawaida. Lakini hakusogeza pusi-pusi. Alisimama katikati, akavua kofia yake ya msikitini, akaikunja, akaivaa tena.

“Bantu ya avenyu,” akasema. “Munaniuzia mayi kama muntu anayepita njia. Na mi natafuta nungwe.”

Mnaweza kufikiri tulifurahi. Tulianza kubishana! Papa Bwalya akasema haiwezekani, ukoo unatoka kwenye tumbo la mama, hauuzwi bombani. Mama Falonne akasema apewe Mbuzi, wao ni wapole. Mtu mwingine akasema Mbuzi wapole aliwaona wapi. Papa Dominique, aliyekuja na bidoni zake mbili, aliinua mkono kutaka utulivu, hakuupata.

Honorine alikuwa amesimama tu na ufunguo wake. Kisha akauliza, kwa sauti ndogo kuliko desturi yake:

“Nasoro, kazi yako ni nini?”

“Unaijua, Mama. Naosha malori.”

“Unatoa nini pa malori?”

“Vumbi. Matope.” Akafikiri. “Udongo.”

Honorine alipiga makofi, na ile sauti ya ziwani ikarudi yote.

“Mumesikia? Mumesikia kwa masikio yenu? Huyu mwanaume anaamka kila asubui ya Mungu kutusugua shiye Bena Mumba! Tunakaa pa lori yetu muzuri, tumetoka nayo mugodini, hatujamukosea, anatukujia na brosi! Anatutupa mu mufereji! Adui gani tulipata sawa huyu? Hata Mvua hajatufanyia vile, Mvua anatulowesha na kukimbia. Huyu anatusugua mpaka chini ya matairi! Na munauliza nungwe wake ni nani?”

Kelele iliyolipuka pale, nadhani walioko kwenye kampasi ya Kasapa waliisikia. Papa Bwalya alifungua mdomo kubisha, akaufunga, akasema, “Eh. Ni kweli. Anabasugua.” Papa Dominique, kwa kuwa ni mkubwa na mtu wa Mvua, ndiye aliyekata neno: Chui na Mbuzi wana vita yao, Mvua na Udongo wana yao, na toka leo sisi Mvua tuna msaidizi. Nasoro ni nungwe wa Udongo, yeye na nyumba yake.

Honorine akachovya kidole kwenye matope chini ya robine, akampaka Nasoro kwenye mkono wa shati. Nasoro, kwa mazoea ya kazi, akayafuta hapo hapo.

“Munaona!” Honorine akalia. “Hata dakika moja hakutuvumilia!”

Nasoro alicheka. Miaka yote nimemjua, sikuwahi kuona meno yake ya nyuma. Siku ile niliyaona yote.

“Sasa, nungwe wangu,” Honorine akasema, akafunga mikono kifuani. “Mbili zimejaa. Ya tatu ni ya nini?”

Ninyi mnajua maneno yaliyofuata, au mnaweza kuyakisia, na mengine hayaandikwi. Safari hii Nasoro naye aliruhusiwa kujibu. Kumbe alikuwa na mdomo! Alimwambia Honorine kwamba Udongo ni watu wa kukaa chini na kukanyagwa, wakilowa wanateleza, wakikauka wanapasuka, na hata wakijifanya chungu ni cha kuvunjika. Foleni ilimpigia makofi. Mwishowe akaondoka na sehemu ndogo ya zile bidoni alizoleta.

Sitawadanganya kwamba alibaki na mbili. Kazi ni kazi, na ana watu wa kulisha. Lakini kila iliyozidi aliipigania kwa mdomo, mbele ya wote, na mtu akipigania kitu hakimwagi. Akaanza kusugua malori makavu kwa brosi kwanza, maji mwisho. Akachimba shimo dogo, maji machafu yakawa yanatulia humo, ya juu yanaosha matairi. Aliacha kuja alasiri, saa pampu inapochoka. Dereva akileta lori lenye matope mpaka kwenye madirisha, Nasoro anamwambia, “Ndugu, hii ukoo ni kubwa sana. Ngojea Mvua. Anaitwa Donat, anakaa pale mbele.” Na Papa Bwalya akarudi kwenye mbili zake bila kuambiwa.

Mwezi wa kumi ukapita nusu, mvua hakuna. Visima vya avenyu za jirani vikabaki na matope. Donat alifikia kutembea kwa njia za nyuma, kila mtu wa Udongo alipomwona alimwuliza ameificha wapi. Ndipo mwenye lori akaja kwa Papa Dominique kudai ahadi yake. Alikuja na pampu yake kubwa nyuma ya lori, bado ndani ya boksi.

Komite ilikusanyika bombani, na avenyu nzima ikakusanyika nyuma ya komite. Honorine alikuwa amevaa kitenge chake cha sikukuu. Ufunguo alikuwa ameushika mkononi.

“Mama,” Papa Dominique akasema, “fungua robine zote.”

Ilikuwa alasiri, saa ile mbaya, saa ya kikohozi. Honorine akafungua ya kwanza, ya pili, akazifungua zote. Maji yakashuka. Meupe, mazito, yanapiga chini ya bidoni kama ngoma. Tukangoja. Bidoni zikajaa, zikawekwa nyingine, zikajaa. Papa Dominique akaweka sikio lake kwenye bomba la chuma kama alivyokuwa akisikiliza treni zake, akakaa hivyo muda mrefu.

“Hata haihemi,” akasema.

Mwenye lori alijaribu. Akasema ni bahati, akasema mwakani itaungua, akasema pampu yake ni ya Ulaya. Nasoro akatoka kwenye foleni, akamtazama yule bwana, kisha lori lake.

“Papa, rudisha pampu ku mji, na lori nitakuoshea. Iko na udongo mingi, na mi na udongo tuko na kesi.”

Papa Dominique akageuka kwa Honorine. Mbele ya wote akatangaza kwamba ufunguo ni wake, si kwa kiangazi kimoja, bali mpaka yeye mwenyewe atakapochoka. Na kwa kuwa fedha ya kutengeneza pampu haikutumika mwaka huu, akamwuliza, kama mwenye ufunguo, ifanyiwe nini.

“Bei ishuke,” Honorine akasema.

“Ishuke? Mu kiangazi?”

“Bidoni ya kwanza ishuke. Ile ya kunywa. Kila nyumba. Mama Deborah asione njia ya mutoni tena hata kama anaitafuta.”

Mama Deborah alipiga ule ukelele wa furaha ambao kwetu unaanzia kwa mmoja na kuishia kwa wote. Wanawake wakambeba Honorine juu juu, kitenge cha sikukuu kinavutwa huku na huku. Mama Falonne akamwachia alama za makala mgongoni, Donat naye akicheza mbele yao kama aliyenyesha yeye mwenyewe. Mwenye lori alikuwa anageuza gari taratibu katikati ya watu, na watu wanampisha kwa adabu zote. Na Honorine, kule juu ya mabega, miguu inaning'inia, aliona kitu, akaanza kupiga kelele kuliko wote.

“Robine! Mufunge robine! Munaimba na mayi inaenda! Nasoro, we adui yetu, funga ile ya mwisho!”

Nasoro akakimbia, akaifunga.